Mkanda wa Anguko la Zélie

Amiens, 3 Julai 1898

Nina miaka sitini na sita, na nimewazika wengi walioapa kunizika mimi. Mfalme mmoja amekimbia nchi nikiwa hai, kaizari mmoja amechukuliwa mateka na Wajerumani nikiwa hai. Kipindupindu cha mwaka wa arobaini na tisa kilimchukua baba na kaka zangu wawili ndani ya wiki moja, mimi kikaniachia kuharisha tu. Nimerudi kutoka vita vya Crimea na vidole vyangu vyote. Nimezika wake wawili na dubu mmoja. Kwa miaka arobaini nimebeba watu mabegani katika kila gulio kuanzia Rouen hadi mpaka wa Ubelgiji, na hakuna hata mmoja aliyeanguka kwa kosa la Anselme Trouvain.

Ndiyo sababu nimenunua daftari hili. Firmin, mkwe wangu, ameanza kuongea na watu pembeni. Nikitokea wananyamaza. Sasa yangu nayaweka hapa, yeye ayaweke yake anakotaka. Herufi nilifundishwa jeshini na sajini mlevi, kwa hiyo sijui kupamba maneno.

Mambo yalikuwa hivi. Tarehe 22 Juni, siku mbili kabla ya gulio la Mtakatifu Yohana, alikuja Ovide Lacquemant, mwenye kibanda cha picha zinazotembea. Zamani alikuwa akionesha kondoo wa vichwa viwili ndani ya chupa. Sasa ana mashine. Alitaka mchezo wetu kwenye mkanda wake. Firmin alitaka kufikiria kwanza. Mimi nilisema ndiyo kabla Lacquemant hajafunga mdomo.

Mchezo wenyewe ni huu. Zélie, binti yangu, anasimama juu ya mabega ya Firmin, mumewe. Mimi nasimama nyuma yao, hatua nne. Zélie anaruka kinyumenyume, anajipindua hewani mara moja, anatua wima juu ya mabega yangu. Yeye hanioni. Mrukaji wa kinyumenyume hageuzi shingo, anangoja sauti. Mbebaji akishajiweka sawa, macho kwenye kiuno cha mrukaji, anaita "Haya," na mrukaji anakuja. Kazi yote ni hiyo.

Lacquemant alichomeka vigingi viwili kwenye majani akasema nje ya hapo mashine haioni kitu. Akatugeuza jua litupige usoni, kwa sababu mashine inakula mwanga kama farasi anavyokula shayiri. Akasema mkanda haufiki dakika moja, kwa hiyo tusipoteze muda. Akasema tusiitazame mashine, tufanye kama haipo. Kisha akaanza kuzungusha mkono wake.

Zélie alitoka mapema. Nilipoita tayari alikuwa hewani. Nilipeleka bega, halikufika. Aliangukia mgongo.

Akiwa chini aliinua mkono mmoja akasema, "Kosa langu." Firmin alisikia, Lacquemant alisikia. Kwa wasio wa kazi hii nitaeleza: kwetu mrukaji akianguka husema hivyo, awe na kosa au asiwe nalo, ili watazamaji wasipoteze imani na mbebaji. Mbebaji akiharibikiwa jina, familia nzima inalala njaa. Lakini safari hii lilikuwa kosa lake kweli. Firmin anaijua desturi, ndiyo maana hataki kuamini mkono ule. Anasema alisikia sauti yangu kwanza, halafu ndipo akahisi miguu ya mkewe ikiondoka begani. Mtu aliye chini ya mtu mwingine anahisi nini? Anahisi uzito.

4 Julai

Mvua.

5 Julai

Mvua. Zélie bado hasikii miguu.

9 Julai

Hospitalini. Daktari alimchoma sindano kwenye nyayo, kwenye goti, kwenye paja, akimwuliza kila mara kama anasikia. Alianza kusikia juu ya kitovu. Daktari alitutoa nje, Firmin na mimi, akasema kilichokatika hakiungi. Firmin alikwenda kusimama kwenye ngazi akiwa ameupa ukuta uso.

Nilirudi ndani na kikapu cha cheri. Kile kipigo kimemfutia Zélie sehemu ya siku ile. Anakumbuka akipanda mabegani kwa Firmin, kisha anakumbuka mtawa akimpa maji. Katikati hakuna kitu.

Aliniuliza, "Baba, nilitoka mapema?"

Nikamwambia ndiyo.

"Mapema sana?"

"Kidogo."

 "Basi nimejifanyia mwenyewe," akasema.

Nikamwambia inampata kila mtu. Hakula hata cheri moja.

16 Julai

Tumemtoa hospitalini, tumemlaza nyumbani kwetu, nyumba ya magurudumu, juu ya sanduku la nguo za mchezo. Philomène, mjane anayekaanga chipsi na ambaye tumekuwa majirani kila gulio kwa miaka kumi na nane, anakuja asubuhi na jioni kumgeuza ili ngozi isioze. Leo aliniambia niondoke mlangoni kwa sababu namzibia mwanga. Nikamwambia mwili huu umezibia watu mwanga tangu kabla hajaota meno. Akasema, "Na bado unaziba, Anselme. Sogea."

17 Julai

Jua.

28 Julai

Nimebeba magunia mawili ya viazi ya Philomène kwa mpigo, moja kila bega, toka garini hadi jikoni kwake. Vijana wa gurudumu la farasi wa mbao, lile wanalozungushwa watoto, walisimama kutazama.

7 Agosti, njiani karibu na Arras

Tumekutana na watu wa kamba, wale wanaotembea juu yake, ndugu watatu kutoka Douai. Habari ilikuwa imetutangulia. Yule mkubwa alinishika mkono akasema pole, akasema kila mtu anajua Zélie alikuwa na haraka tangu utotoni, na kwamba bahati ya familia ni kwamba mbebaji yuko imara. Nilitikisa kichwa kukubali. Firmin alikuwa anawanywesha farasi maji, hatua mbili kutoka hapo. Alimwaga ndoo yote chini, akaenda kuchota nyingine.

14 Agosti

Joto kali. Zélie amepata kidonda chini ya mgongo. Philomène anakiosha kwa mvinyo.

28 Agosti, Lille

Gulio limefunguliwa. Kibanda cha Lacquemant kiko hatua sitini kutoka kwetu, na juu ya mlango ameandika kwa rangi nyekundu: ANGUKO LA KWELI. Firmin alikwenda kule na nyundo ya vigingi. Nilimshika kiuno kwa nyuma nikamwinua mpaka miguu ikaachana na ardhi, mimi wa miaka sitini na sita, yeye wa thelathini na mmoja. Walioona waliona.

Lacquemant alitoka akiwa na leso shingoni. Hakukimbia. Akasema, "Firmin, ndugu yangu, watu hawaji kutazama kinachosimama. Mimi nimeishi kwa kondoo mfu miaka tisa."

Firmin akamwambia mkewe si kondoo. Lacquemant akasema anajua, na kwamba chakula cha mchana kitakuwa kinatoka kwake kila siku ya gulio, kwa ajili ya mgonjwa. Firmin alitema mate. Ameapa hatatia mguu mle ndani. Chakula kililetwa. Philomène alikipokea.

Nilimwambia Firmin hana sababu ya kuogopa ule mkanda, wala mimi sina. Mkanda hauna masikio. Hauwezi kusema nani alianza, sauti au miguu. 

29 Agosti

Nimeingia.

Ndani ni giza na harufu ya watu waliolowa. Tangu ule moto wa Paris mwaka jana, uliowashwa na mashine kama hii, polisi wamemlazimisha aweke milango miwili na ndoo za mchanga. Mbele kuna shuka nyeupe iliyolowanishwa maji. Nyuma mashine inalia kama cherehani. Alianza na treni, kisha askari wakiruka ukuta, kisha mwogeleaji mnene. Kisha tukatokea sisi.

Sikujua ningehisi nini. Hakuna rangi, hakuna sauti, na jua ni lile lile. Zélie anapanda mabegani kwa mumewe kama mtu anayepanda kitandani. Anatengeneza nywele. Anatulia. Halafu anakuja, na goti linapinda vizuri, na kichwa kiko mahali pake, kisha anapita mbele ya bega langu na kuanguka. Mwanamke mmoja alipiga yowe. Hata mimi nilijua kitakachotokea na nilinyanyuka kwenye benchi.

Hapo Lacquemant akazungusha mashine kinyume. Vumbi likarudi ardhini. Zélie akainuka kutoka kwenye majani, mgongo kwanza, akapanda hewani, akajipindua, akasimama wima juu ya Firmin na kutengeneza nywele. Watu wakacheka na kupiga makofi.

Na mimi nilipiga makofi. Nimeyaandika haya kwa sababu ni kweli.

30 Agosti

Nimeingia tena.

31 Agosti

Mara mbili.

2 Septemba

Mlangoni watu walinitambua. Mmoja alisema huyu ndiye yule mzee. Nikawaambia ndiyo mimi, na nikawakunjia mkono waguse msuli. Lacquemant sasa ananiingiza bure, anasema nikikaa benchi la mbele watu wanafurahi.

Zélie aliuliza nakwenda wapi kila alasiri. Nikasema kunyoosha miguu. Ni neno baya kumwambia yeye, lilinitoka tu.

5 Septemba

Mvua. Nimeingia. Naipenda ile sehemu ya kinyume. Kila mara anainuka.

7 Septemba

Nimeingia.

8 Septemba

Nimeingia. Homa ya Zélie imepanda jioni.

11 Septemba

Nilikuwa nimekaa mbele kama kawaida. Pembeni yangu alikaa mwanamke wa kiwanda cha nyuzi na dada yake. Lacquemant alipoanza kuzungusha kinyume, yule mwanamke alimwambia dada yake atazame miguu ya yule mzee wa nyuma, ilivyo kama nguzo. Basi, na mimi nikajitazama. Mara zote hizo sikuwa nimejitazama kamwe. Hakuna anayemtazama mbebaji, kila mtu anamtazama anayeanguka, na mimi nilikuwa mmoja wao.

Zélie yuko chini. Anainuka. Anapopita kifuani kwangu macho yangu yako kwake, na mikono yangu imechelewa, iko juu bure. Anaendelea kupanda. Na mimi, badala ya kuendelea kumtazama anavyopanda, nageuza uso. Nageuka kuelekea mashine. Zélie anatua juu ya Firmin, ananyooka, na mimi bado naitazama mashine, kifua kimetunishwa, nacheka. Na chini ya masharubu mdomo unafunguka na kufunga.

Niliomba aurudishe, kwa mbele. Lacquemant akasema zamu imekwisha, watu wengine wanangoja nje. Nikamwambia nitavunja benchi. Akaurudisha.

Kwa mbele ni hivi: nimesimama, naitazama mashine, nacheka. Mdomo unafunguka. Zélie bado yuko juu ya Firmin, hajakunja hata goti. Mdomo unafunga. Ndipo anakuja. Yuko nusu ya njia ninapokumbuka kugeuka.

Mkanda hauna masikio. Haukuyahitaji.

12 Septemba

Sikuingia.

13 Septemba

Mvua. Nimetengeneza gurudumu.

15 Septemba

Zélie ananiita nikae naye. Anazungumza juu ya mama yake, juu ya yule dubu. Nilikaa. Kisha akasema anachoogopa si kufa, ni kwamba hakumbuki kwa nini alifanya haraka. Akasema anajitafuta usiku kucha ndani ya kichwa na hajioni akiharakisha. Akasema, "Mtu anaharibu maisha yake, halafu hata sababu haijui."

Nilimwambia alale.

Kwenda kumwambia ni hatua tatu. Nimekwenda Crimea. Nimesimama chini ya watu watano mabegani mbele ya mstari wa mizinga, tukiwachekesha maofisa. Hatua hizi tatu sizipati.

19 Septemba

Sasa kuna hili jipya. Zélie amemwandikia mama mkwe wake kule Ath, Ubelgiji, na mama mkwe amejibu: Berthe, dada mdogo wa Firmin, anakuja. Ana miaka kumi na tisa na amecheza tangu anatambaa. Atachukua nafasi ya Zélie kwenye gulio la Rouen tarehe 23 Oktoba, gulio kubwa la mwisho kabla ya baridi. Firmin alikataa. Alisema kama ni kubebwa, dada yake atabebwa na yeye Firmin, na mzee akae chini ya mti avute kiko. Zélie akamwambia, mbele yangu, kwamba yeye Firmin ni mzuri kwa kusimama lakini hana jicho, na kwamba hatamkabidhi msichana wa watu kwa mtu mwingine yeyote ila kwa baba, ambaye hajawahi kukosa.

Firmin alisema, "Zélie, mimi nilisikia nilichosikia."

Zélie akamwambia asimsingizie baba yake ili kumfariji yeye. Akasema mzigo wake ataubeba mwenyewe. Firmin akanigeukia. Alikuwa ananingoja niseme. Nilikuwa na kipande cha mkate mdomoni, nikaendelea kukitafuna.

24 Septemba

Berthe amefika. Mwepesi, anacheka ovyo, ana pengo la jino. Ananiita babu.

26 Septemba

Zélie anamfundisha kutoka kitandani. Anamwambia afumbe macho, halafu anamwagiza Philomène agonge sufuria, na Berthe anatakiwa akunje goti pale tu anaposikia. Philomène anasema amegonga sufuria hiyo mpaka viazi vinamjibu. Zélie alicheka. Ni mara ya kwanza tangu Juni. Kisha akamwambia Berthe: "Sikiliza sauti tu, mdogo wangu. Usifikiri. Mimi nilifikiri, ndiyo maana niko hapa."

27 Septemba

Mvua.

28 Septemba

Mvua. Hatufanyi mazoezi.

30 Septemba

Gulio la Lille linavunjwa. Tope hadi kwenye ekseli.

3 Oktoba, nje ya Amiens

Jua limetoka. Tulitandaza majani makavu nyuma ya ngome ya askari, tukajaribu. Mara nne Berthe alikuja, mara nne alitua. Nilikuwa nimekaza macho kiunoni kwake mpaka yakatoa machozi. Nikasema moyoni, umeona, Anselme, bado wewe ni wewe.

Mara ya tano wakapita askari sita. Wakasimama. Mmoja akamgusa mwenzake kiwiko, akanionesha kwa kidevu. Na mimi nikatunisha kifua. Sikuamua kufanya hivyo. Kifua kilituna chenyewe, na uso wenyewe ukaenda kwao, na mdomo ukasema "Haya."

Berthe alikuja. Mguu mmoja ulikanyaga ukingo wa bega, mwingine haukukanyaga kitu. Alinipita akaangukia majani ubavu. Aliinuka haraka, majani kwenye nywele, anacheka na pengo lake, akainua mkono.

"Kosa langu, babu."

Firmin alikuwa amesimama mbele, mgongo kwetu. Hakugeuka. Aliuliza tu, taratibu, "Lako, Berthe?"

Askari walipiga makofi. Nilikwenda nyuma ya gari nikakaa huko mpaka wakaondoka.

4 Oktoba

Lacquemant amepiga kambi upande wa pili wa barabara, sote tunaelekea Rouen. Asubuhi nilikwenda nikamwomba afunge mashine na shuka ndani ya ghala la mwenye shamba. Aliuliza kwa ajili ya nani. Nikamwambia kwa ajili ya mrukaji. Alinitazama, na nadhani alikuwa anajua tangu siku ile niliyotaka kuvunja benchi, maana hakuuliza tena.

Firmin alimbeba Zélie mgongoni. Tulimfunga kwenye kiti kwa shali la Philomène asianguke mbele. Walikuwepo Firmin, Berthe, Philomène na Lacquemant. Firmin alisema ameapa hataingia, nikamwambia leo nitakibeba kiapo chake mimi. Nikasimama kando ya shuka.

Nikawaambia, "Msimtazame Zélie. Nitazameni mimi."

Mashine ikazunguka. Haifiki dakika moja. Nimeishi miezi mingi mifupi kuliko dakika ile.

 Zélie akasema kwa Lacquemant, "Rudisha." Akarudisha kinyume. Akasema, "Kwa mbele, polepole." Lacquemant akasema polepole sana taa itaunguza mkanda. Zélie akasema basi polepole anavyoweza. Akauzungusha polepole anavyoweza. Mdomo wangu ulifunguka pale kwenye shuka kama mdomo wa samaki.

"Uliita," Zélie akasema.

"Niliita."

"Huku unaitazama mashine."

"Ndiyo."

"Na mimi nikaja."

"Ulikuja kwa wakati wake, mwanangu. Hukuharakisha hata kidogo."

 Firmin alikuwa amepiga magoti kando ya kiti na amezika uso kwenye shali. Philomène alimwambia Berthe atoke nje, Zélie akasema abaki, yeye hasa abaki.

Kisha akaniuliza nilijua lini. Nikamwambia tarehe 11 Septemba. Akahesabu kwa vidole, wiki tatu na siku mbili. Akaniuliza, na kabla ya hapo, kule hospitalini, niliposema kidogo. Nikamwambia kule nilikuwa naamini. Akauliza kama kweli nilikuwa naamini. Nilitaka kusema ndiyo. Nikasema sijui, nilitaka iwe hivyo, na nikitaka kitu huwa nakiamini.

"Kuanzia Arras hadi Lille wanasema Zélie alikuwa na haraka," akasema. "Neno hilo utalifuta. Si kwa barua, hakuna anayesoma. Utasimama pembeni ya shuka, kila onyesho, huko Rouen, useme kwa sauti kubwa kama ulivyosema hapa. Kwa watu wa mjini na kwa watu wetu."

Lacquemant akakohoa akasema watu watamrushia mzee vitu.

Zélie akasema, "Ana mwili mkubwa."

5 Oktoba

Haniiti baba. Akitaka maji anamwomba Philomène.

12 Oktoba

Mvua. Kidonda kimefika kwenye mfupa.

23 Oktoba, Rouen

Gulio limefunguliwa. Berthe anabebwa na Firmin, mchezo mdogo wa mbele, bila kujipindua. Wanapata watazamaji kiasi.

Mimi nimesimama kando ya shuka maonesho kumi na moja. Nasema hivi: mabibi na mabwana, mtakayemwona akiruka ni Zélie Trouvain, mke wa Firmin Cassagne, mrukaji bora kuliko wote niliowabeba. Msimtazame. Mtazameni mbebaji, mzee wa nyuma, mtazameni uso na mdomo. Ndiye mimi. Onyesho la kwanza walidhani ni mzaha, wakacheka. La pili mtu mmoja alirusha tufaha. La tatu walinyamaza. Kunyamaza ni kubaya kuliko tufaha.

24 Oktoba

Maonesho tisa.

25 Oktoba

Maonesho kumi. Ndugu watatu wa Douai waliingia. Yule mkubwa alipotoka alinipita kama anayepita mti.

29 Oktoba

Maonesho kumi na mbili. Sauti imekauka. Philomène amenipa vitunguu vya moto na asali. Hakusema neno, na Philomène si mtu wa kutosema neno.

1 Novemba

Sikukuu ya Watakatifu Wote. Maonesho kumi na tano. Watu wanatoka makaburini wanaingia kwetu.

3 Novemba

Lacquemant alinionesha mkanda kwenye mwanga. Matundu ya pembeni yamechanika, na mahali pa uso wangu pamejaa mikwaruzo kama mvua. Anao huu mmoja tu. Ule wa asili, ambao huu ulinakiliwa kutoka kwake, uliharibika majini wakati wa kuusafisha.

6 Novemba

Katika onyesho la saba mkanda ulikatika. Kwanza picha yangu ilitetemeka pale kwenye shuka, Zélie akiwa hewani, kisha doa la kahawia likaanzia katikati na kutula sote. Lacquemant aliubana kwa vidole akauzima kwenye mchanga. Watu walidai warudishiwe viingilio. Kilichobaki ni urefu wa mkono wangu, na ndani yake Zélie anatengeneza nywele tu.

Jioni nilikwenda kumwambia. Alisikiliza. Akauliza watu wetu wangapi waliona. Nikawataja kwa majina, wale wa kamba, wa farasi wa mbao, mwenye simba, watu wa vikaragosi. Akasema wanatosha kwa mwaka huu. Mwaka ujao watasahau waliona nini na kukumbuka walichosikia kwanza, ndivyo watu walivyo. Akasema niyaandike.

Nikamwambia yameandikwa, tangu Julai.

"Na ile ya Julai umeifuta?"

Nikasema sijafuta kitu.

"Iache," akasema. "Waone ulianzaje."

9 Novemba

Firmin anamchukua Zélie kwenda Ath kwa mama mkwe wake, Berthe anaongoza farasi. Nyumba ya magurudumu nimewapa. Daktari wa hapa anasema kama homa haitamwacha kabla ya Krismasi haitamwacha tena. Nilimbeba mimi kutoka kitandani hadi kwenye majani ya gari, Firmin aliniachia. Hana uzito hata wa gunia moja la viazi. Macho yangu hayakutoka kwake njia nzima. Naye aliona.

Alisema, "Kwaheri, mzee." Kama unavyomwambia mtu wa njiani.

Mimi nabaki na Philomène msimu huu wa baridi, namenya viazi.

Mkanda haupo tena, na neno langu peke yake halitoshi, kwa hiyo ulizeni hawa. Ovide Lacquemant, ambaye alizungusha mashine siku ile na aliuzima moto kwa vidole, ana makovu. Philomène Hurtrel, mkaanga chipsi, aliyekuwepo ghalani na aliyekiona kidonda kila siku. Firmin Cassagne, aliyesikia sauti kwanza na miguu baadaye, akalisema tangu mwanzo, nami nikamwita mwongo. Berthe, dada yake, ambaye alisema kosa langu na halikuwa lake. Na Zélie mwenyewe, kule Ath, nyumba ya tatu baada ya kiwanda cha kamba, mkiwahi. Hatasema neno la kunipendelea.